Muuzaji anakataa kupokea salio la kiwanja: hatua za kumbana mpaka akukabidhi

Mama yangu mdogo alinunua kiwanja Chanika, Dar es Salaam, mita ishirini kwa ishirini, milioni 12. Akatoa 8 siku ya kusaini mkataba, zikabaki 4 ambazo alipewa miezi sita azimalize. Miezi haijaisha nguzo za umeme zikapita barabara ya mbele, greda likachonga njia, kiwanja cha jirani kikauzwa bei ya kuogopesha. Kuanzia hapo muuzaji akawa hapatikani. Siku mbili kabla ya tarehe ya mwisho mama mdogo akatoa hela benki, akaifunga kwenye kanga, akaitia kwenye pochi akaenda nayo mpaka mlangoni kwa muuzaji, mkewe anatoka anasema baba kasafiri wakati pikipiki yake iko barazani na matairi yana tope bichi. Akarudi kesho yake, vilevile. Akarudi siku yenyewe ya mwisho, mlango haukufunguliwa kabisa. Wiki iliyofuata simu ikaita: mama, muda wa mkataba umepita, wewe hukulipa, njoo uchukue milioni 8 zako, kiwanja siuzi tena.

Nimeanza na hiyo stori maana ndo mtego wenyewe ulivyo. Yeye anakataa kupokea, halafu anataka ionekane wewe ndo hukulipa. Watu wengi wanapoteza viwanja hapa, sio kwa sababu sheria haiko upande wao, ila kwa sababu walienda na hela mara tatu peke yao, hakuna aliyewaona, hakuna walichoandika, na siku ya siku inabaki neno lako na neno lake.

Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inasema wazi kwamba ukimpelekea mwenzako malipo kamili, kwa wakati, mahali panapotakiwa, bila kuweka masharti mapya, naye akakataa kupokea, wewe huhesabiki kuwa umevunja mkataba na haki zako chini ya mkataba hazipotei. Umeona ilivyo nzuri? Sasa kazi yote iliyobaki ni kuthibitisha kwamba ulipeleka. Hizi hatua ni za Tanzania Bara, Zanzibar wana sheria zao za ardhi na mahakama yao ya ardhi kwa hiyo usizichukue kama zilivyo ukaenda nazo huko.

Hatua ya 1: Kaa chini usome mkataba wako upya

Sio kuupitia juujuu, soma kila mstari na kalamu mkononi. Tafuta vitu hivi: bei yote, ulichotoa, salio, tarehe ya mwisho, hela inalipwa wapi na kwa njia gani (keshi, akaunti ya benki, simu), na kipengele cha nini kitatokea mmoja akivunja mkataba.

Kifungu cha 64 cha Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 kinataka mkataba wa kuuziana ardhi uwe wa maandishi, au angalau yawepo maandishi yanayoonesha masharti yake, na uwe umesainiwa na yule unayetaka kumbana nao. Kama mlikubaliana kwa mdomo tu mbele ya dalali chini ya mwembe, hali yako ni ngumu, ila usikate tamaa bado, kusanya karatasi yoyote yenye sahihi yake, risiti ya "nimepokea milioni nane kwa ajili ya kiwanja changu cha sehemu fulani" inaweza kukuokoa.

Kuna kipengele kimoja kinawachanganya watu sana. Mikataba mingi ya mtaani imeandikwa "endapo muuzaji atavunja mkataba atarudisha fedha zote pamoja na fidia." Muuzaji atakuja nacho hicho hicho kifuani, atasema mimi nimeamua kuvunja, chukua hela yako na fidia tumemaliza. Soma kilivyoandikwa. Mara nyingi kipengele kama hicho kipo kwa ajili ya kukulinda wewe uliyekosewa, hakikuandikwa kumpa yeye mlango wa kutokea kila bei ikipanda, na hapo ndipo wakili anapokuwa na maana, mpelekee akisome kabla hujajibu chochote.

Hatua ya 2: Jiangalie na wewe kama uko msafi

Hii watu hawaipendi ila ni bora uyajue madhaifu yako mapema kuliko kuyasikia kwa wakili wa upande wa pili.

Je, ulichelewa? Kama tarehe ya mwisho ilipita kabla hujapeleka chochote, muuzaji ana hoja. Lakini angalia pia huko nyuma, kama awamu zilizotangulia ulizichelewesha na yeye akazipokea bila kulalamika, hiyo inakusaidia, inaonesha yeye mwenyewe hakuichukulia tarehe kama kitu cha kufa na kupona. Kusanya risiti zote zenye tarehe zake.

Je, mwenza wake aliridhia? Kiwanja au nyumba ya familia ikiuzwa bila ridhaa ya mke au mume, yule asiyeridhia anaweza kuja kuyavunja mauzo hata kama wewe ulilipa mpaka shilingi ya mwisho. Ukikuta kwenye mkataba hakuna sahihi ya mwenza, ujue hiyo silaha wanaweza kuitoa muda wowote, wengine wanaitoa makusudi kabisa, mume anauza kwa raha zake, bei ikipanda ndo mke anakumbuka kwamba hakushirikishwa.

Na kama ni ardhi ya kijiji? Hapo kuwa makini zaidi ya yote. Mahakama zetu zimeshaamua zaidi ya mara moja kwamba ardhi ya kijiji iliyouzwa bila idhini ya halmashauri ya kijiji mauzo yake ni batili. Sahihi ya mwenyekiti peke yake kama shahidi sio idhini ya halmashauri, idhini ni kikao, na kikao kina muhtasari. Kama huna, anza kuufuatilia leo, kabla ya kwenda kugombana na mtu yeyote.

Hatua ya 3: Peleka hela, na safari hii acha alama

Hapa ndo moyo wa jambo lote kwa hiyo nitakaa kidogo.

Kama mkataba umetaja akaunti yake ya benki, au aliwahi kukutumia namba ya akaunti kwa meseji mwenyewe, mambo ni rahisi: nenda benki, weka salio lote, kwenye sababu ya malipo andika "salio la mwisho kiwanja" na mahali kilipo. Huhitaji ruhusa yake kuweka hela kwenye akaunti aliyoitaja mwenyewe. Chukua stakabadhi yenye muhuri wa benki, ipige picha siku hiyohiyo maana zile karatasi za benki zinafutika wino baada ya miezi michache tu. Halafu mtumie meseji fupi umwambie nimeweka kiasi fulani leo saa fulani. Lakini usitume kwenye namba ya simu ya mkewe, wala ya dalali, wala ya kaka yake anayesema "nitumie mimi nitampa", hiyo ni kumlipa mtu ambaye hayumo kwenye mkataba.

Kama mkataba unasema keshi, au hausemi chochote, fanya hivi:

Kwanza toa hela benki, usikusanye kutoka chini ya godoro. Ukitoa benki taarifa yako itaonesha tarehe fulani ulitoa milioni 4, ikikataliwa ukairudisha itaonesha tarehe fulani umerudisha milioni 4. Hiyo karatasi moja inaongea kuliko mashahidi watatu.

Pili mtumie meseji kabla, sio kupiga simu, meseji. "Shikamoo mzee, kesho Jumamosi saa nne asubuhi nakuja nyumbani kwako kukukabidhi salio la kiwanja Tsh 4,000,000 kama mkataba wetu unavyosema." Asipojibu sawa tu, imeshaandikwa.

Tatu usiende peke yako. Nenda na mjumbe wa shina au mtu wa ofisi ya serikali ya mtaa, na mtu mwingine mmoja asiyekuwa ndugu yako. Ndugu anakubalika kuwa shahidi ndiyo, lakini mtu baki anaaminika haraka. Ukiweza waombe mashahidi waliosaini ule mkataba wa mwanzo waje, hao hata muuzaji anawaonea haya.

Nne hela ihesabiwe mbele ya watu. Usiseme "nimekuja na mzigo wako" ukagongagonga pochi. Itoe, ihesabu, sema kiasi kwa sauti, sema ni ya nini. Ukipeleka pungufu, hata kwa laki moja, au ukasema nitakupa ukishanisainia kwanza hiki na kile ambacho hakimo kwenye mkataba, hayo hayahesabiki kuwa malipo kamili na unampa sababu ya halali ya kukataa.

Tano akikataa, au mlango usipofunguliwa, msiondoke hivihivi. Kaeni pembeni, andikeni karatasi moja: tarehe, saa, mahali, nani walikuwepo, hela kiasi gani, na maneno aliyosema yeye kama alivyoyasema. Wote msaini. Mkipitia ofisi ya mtaa ikagongwa muhuri ni vizuri zaidi.

Sita rudisha hela benki siku hiyohiyo au kesho yake asubuhi. Na usiitumie! Najua maisha, ada inadaiwa, mgonjwa yupo, lakini hiyo hela ikae. Kwenye kesi ya namna hii utaulizwa kitu kile kile kwa sura tofauti tofauti: ulikuwa tayari kulipa, na ulikuwa na uwezo wa kulipa? Sio siku ile tu, mpaka leo. Mtu ambaye akaunti yake inasoma milioni 4 na zaidi toka siku aliyokataliwa anajibu hilo swali bila kufungua mdomo.

Kuhusu mama mdogo, zile safari zake tatu hakuwa na shahidi hata mmoja. Kilichombeba ni taarifa ya benki, iliyoonesha katoa siku mbili kabla ya tarehe ya mwisho na kairudisha baadaye kama ilivyo, na meseji moja ambayo muuzaji mwenyewe aliiandika usiku kwa hasira, nitaisema chini.

Hatua ya 4: Akikurudishia hela zako, usizipokee kimyakimya

Wauzaji wajanja siku hizi hawasubiri, wanakurushia zile ulizotanguliza kwenye akaunti au simu, unaamka asubuhi unakuta milioni 8 zimeingia na meseji ya "tumemalizana". Ukikaa kimya mwezi mzima, au ukazitumia, anapata hoja kwamba ulikubali mkataba uvunjike.

Jibu siku hiyohiyo kwa maandishi: sikubali mkataba kuvunjwa, hela ulizotuma nimezitenga kama zilivyo, bado nahitaji kiwanja, nipe njia ya kukurudishia pamoja na salio. Halafu kweli uzitenge. Na akikuita ofisi ya mtaa "tukamalizane", nenda, msikilize, lakini usisaini karatasi yoyote yenye maneno kama "nimerudishiwa fedha zangu na sina madai." Nimeona wamama wakisainishwa hizo karatasi wamezungukwa na wanaume sita, wameambiwa ni ya mahudhurio. Karatasi usiyoielewa omba kopi, ondoka nayo, kesho urudi.

Hatua ya 5: Notisi ya madai

Sasa ndo unamwandikia rasmi. Ukiwa na uwezo wakili akuandikie, barua yenye kichwa cha habari cha ofisi ya wakili inawaamsha watu wengi usingizini na kesi nyingi zinaishia hapa. Huna uwezo, andika mwenyewe, Kiswahili kinatosha kabisa. Kitu kama hiki:

"Kwa mujibu wa mkataba wetu wa mauziano ya kiwanja kilichopo (mtaa, kata, wilaya, mipaka yake) wa tarehe fulani, nilishakulipa Tsh 8,000,000 kati ya Tsh 12,000,000. Tarehe fulani saa nne asubuhi nilikuletea nyumbani kwako salio la Tsh 4,000,000 mbele ya mashahidi fulani na fulani, ukakataa kupokea. Fedha hizo ninazo mpaka leo na niko tayari kukulipa wakati wowote. Nakutaka ndani ya siku 14 tangu upokee barua hii upokee salio na unikabidhi kiwanja pamoja na nyaraka zake. Sikubali mkataba kuvunjwa wala kurudishiwa nilichokwisha kulipa. Muda huo ukipita nitachukua hatua za kisheria kwa gharama zako."

Siku 14 sio amri ya sheria, ni muda wa kiungwana, wengine wanatoa 7. Usimtukane humo ndani, usimtishie polisi, usiandike stori ya mwaka mzima. Barua hii siku moja itasomwa na mwenyekiti wa baraza, iandike ukimfikiria yeye.

Iwe na kopi mbili, yeye asaini kopi yako kwamba kapokea. Akikataa kusaini itume kwa rejista Posta utunze stakabadhi, na aliyempelekea aandike pembeni tarehe na saa aliyokataa, ikibidi baadaye ataapa kiapo.

Kuhusu meseji. Usifute kitu. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaruhusu meseji na WhatsApp kutumika kama ushahidi, ila utatakiwa uoneshe kwamba hazijachezewa, kwa hiyo skrinshoti peke yake isiwe tegemeo lako, simu yenyewe itunze, laini itunze, usiiuze hata ikipasuka kioo. Muuzaji wa mama mdogo alimwandikia "kama unakitaka ongeza milioni 5 vinginevyo utakula hela yako hiyohiyo." Tarehe ya ile meseji ni siku tisa kabla muda wa mkataba haujaisha. Yaani kwa mkono wake kathibitisha kwamba tatizo halikuwa kuchelewa, tatizo ni bei.

Hatua ya 6: Mzuie asimuuzie mtu mwingine

Usisubiri notisi iishe ndo uanze hili, vifanye pamoja. Kinachoua kesi nyingi ni mnunuzi wa pili, kaja na hela mkononi, hajui lolote, kajenga msingi, sasa mko watatu.

Kama kiwanja kina hati, nenda ofisi ya Msajili wa Hati, fanya upekuzi kwanza, yaani daftari la hati likaguliwe, uone kama bado kipo kwa jina la muuzaji na kama kina mkopo wa benki, halafu weka kaveti. Kaveti ni maombi ya mtu mwenye maslahi kwenye ardhi iliyosajiliwa, ikishaingia kwenye daftari uhamisho haupiti kimyakimya, lazima wewe ujulishwe kwanza. Utahitaji kopi ya mkataba na uthibitisho wa malipo.

Kama hakina hati, ambavyo ndivyo viwanja vingi vya pembezoni vilivyo, kaveti haipo. Hapo peleka barua ofisi ya serikali ya mtaa au kijiji ukiambatanisha mkataba, waambie kuna mauziano yanaendelea na mgogoro upo, wasigonge muhuri mauzo mengine, na upate kopi iliyogongwa "imepokelewa". Waambie majirani wa pande zote nne. Na kile kibao au maandishi mekundu ya "HAPAUZWI, PANA MGOGORO" watu wanayadharau lakini yanafanya kazi, mnunuzi mwenye akili akiyaona anauliza kwanza, na asiyeuliza hawezi kusema baadaye kwamba hakujua.

Polisi je? Muuzaji kukataa hela yako ni suala la madai, polisi watakuambia hivyohivyo na wako sahihi. Ikigundulika kauza kiwanja kimoja kwa watu wawili akala hela za wote, hapo inaweza kuwa jinai ya kujipatia fedha kwa udanganyifu na unaweza kufungua jalada. Ila jalada la polisi halikupi kiwanja, usije ukaacha njia kuu kwa ajili ya hilo.

Hatua ya 7: Baraza la Kata

Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 Baraza la Kata halitoi hukumu tena kwenye migogoro ya ardhi, kazi yake ni kusuluhisha. Lakini huwezi kuliruka, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halitasikiliza shauri lako mpaka uwe na cheti cha kata kwamba usuluhishi umeshindikana, au siku 30 ziwe zimepita tangu ulipofungua bila kusuluhishwa. Kwa hiyo siku ya kufungua hakikisha unapata karatasi yenye tarehe, hizo siku 30 zinahesabiwa kutoka hapo na kuna makatibu wa kata wanasahau kuandika.

Mawakili hawaruhusiwi kuwakilisha watu pale, unaongea mwenyewe. Nenda na mafaili yako yamepangwa kwa tarehe. Ukiulizwa unataka nini sema sentensi moja: nataka alipwe salio lake anikabidhi kiwanja changu. Kama unaona njia ya kumaliza, labda kumwongezea kidogo ili upate amani, ni uamuzi wako na sikulaumu, kesi inachosha. Ila mkikubaliana iandikwe, isainiwe na hela ipokelewe hapohapo mezani, sio wiki ijayo.

Hatua ya 8: Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya

Hapa ndo shughuli yenyewe. Baraza la wilaya linasikiliza mashauri ya kudai umiliki wa ardhi yenye thamani isiyozidi milioni 300, na yale mengine yanayokadirika kwa fedha yasiyozidi milioni 200. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Kiwanja cha kawaida kinaangukia baraza.

Unafungua maombi, wewe unakuwa mleta maombi, yeye mjibu maombi. Kama kuna mnunuzi wa pili naye muunganishe, usimwache nje, maana ukishinda bila yeye kuwemo atakuja kusema hakusikilizwa na unaanza upya. Kama muuzaji ameshafariki unamshtaki msimamizi wa mirathi, sio watoto wake mmoja mmoja.

Kieleze kiwanja vizuri. Maombi mengi yanakwama kwa kuandika "kiwanja kilichopo Chanika" basi. Chanika ni kubwa. Andika mtaa, kata, ukubwa, jirani wa kaskazini nani, kusini nani, mashariki barabara, magharibi nani, na namba ya ploti kama kimepimwa.

Omba haya, kwa mpangilio: muuzaji aamriwe kutekeleza mkataba, yaani apokee salio na akukabidhi kiwanja na kusaini nyaraka za uhamisho. Asipofanya, nyaraka zisainiwe kwa niaba yake kwa amri ya baraza. Ikishindikana kabisa kupata kiwanja, arudishe hela zako zote pamoja na fidia ya hasara, ukizingatia bei ya sasa ya kiwanja kama hicho. Gharama za kesi. Halafu andika wazi ndani ya maombi kwamba salio lipo na uko tayari kulilipa, ukiomba ruhusa ya kuliweka kwenye uangalizi wa baraza ikibidi. Ukilisahau hilo unakuwa kama mtu anayetaka kiwanja cha bure.

Pamoja na maombi ya msingi fungua maombi ya zuio la muda, yenye kiapo, ukiomba asiuze, asijenge, asibadilishe chochote mpaka shauri liishe.

Mkataba wako uwe umelipiwa ushuru wa stempu TRA kabla hujaupeleka, usipolipiwa utapingwa usipokelewe kama ushahidi, na watu wamesimama pale wamechanganyikiwa kwa kitu ambacho kingemalizwa asubuhi moja. Bado unaweza kulipa ukiwa umechelewa, na adhabu juu.

Muda nao una mwisho. Madai ya mkataba kwa kawaida ni ndani ya miaka 6, ya kurejesha ardhi ni 12, na usije ukajipa moyo kwa hiyo 12 kwa sababu muuzaji atabishana kwamba madai yako ni ya mkataba. Hesabu 6, na fungua mwaka huu.

Huna hela ya wakili? Kuna Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, wasaidizi wa kisheria wapo kwenye wilaya nyingi, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na TAWLA, chama cha wanasheria wanawake, nao wanasaidia wasio na uwezo. Na toka 2021 Kiswahili ndo lugha ya mahakama na mabaraza, huna haja ya kuogopa kwamba hutaelewa kinachosemwa juu ya kiwanja chako.

Kwa mama mdogo, siku mwenyekiti wa baraza alipoisoma ile meseji ya "ongeza milioni 5" kwa sauti, na wazee wa baraza wakageuka kumwangalia muuzaji, yule bwana aliinamia viatu vyake. Wakili wake akaomba ahirisho, kikao kilichofuata wakaja na maridhiano: anapokea milioni zake 4, anakabidhi, kila mtu anabeba gharama zake. Yakaandikwa, yakasainiwa, yakawa amri ya baraza. Mwaka mmoja na miezi kadhaa toka mlango usifunguliwe.

Hatua ya 9: Kukazia hukumu

Ukishinda, usidhani atakuja na ufunguo mwenyewe. Omba nakala ya hukumu na tuzo, yaani ile amri rasmi inayotokana na hukumu, siku hiyohiyo. Aliyeshindwa ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu, na ukishindwa wewe ni hizohizo 45, usizipoteze kwa kununa nyumbani. Asipotii unafungua maombi ya kukazia hukumu, yaani itekelezwe kwa nguvu ya sheria, hapo anaweza kutumwa dalali wa baraza kukukabidhi eneo, na kama kilichobaki ni sahihi yake tu kwenye nyaraka, unaomba isainiwe kwa niaba yake kama ilivyoamriwa.

Siku ya makabidhiano lipa salio kwa benki au mbele ya baraza, pata risiti yenye maneno "malipo ya mwisho", zunguka mipaka na majirani wote wanne na mtu wa mtaa, piga picha kila kona, na panda kitu mipakani siku hiyohiyo, mama mdogo alipanda minyaa. Nyaraka za uhamisho zikishasainiwa zina siku 30 za kulipiwa ushuru wa stempu, kwa hiyo zisilale kabatini, kesho yake asubuhi uwe TRA.